Sauti Iliyotoka Kinywani mwa Riziki

Miburani, Mafia

Dada yangu Mwanaidi, shikamoo. Goti limepungua uvimbe? Na hapo Pangani wote wazima? Sisi huku tu wazima, alhamdulillahi, ila wiki nzima sijatulia kwa jambo la mwanao Riziki. Sikutaka kulisema kwenye simu, maana nyumba za huku jirani anasikia hata ukimenya kitunguu.

Unajua mwenyewe, Riziki ndiye uso wa kisiwa hiki. Vile vichekesho vyake vya bila maneno, anavyocheza na wenzake wa Kilindoni, vinatazamwa mpaka Dar. Walianza bila maneno kwa sababu ya upepo tu. Ukirekodi kwa simu hapa unasikia vuuu, basi. Lakini mwanangu ana haja gani na maneno? Akikukata jicho unajua umekosa nini. Uso ule kautoa kwangu, wala sijisifu.

Sasa wakaja watu wa filamu kutoka Dar, filamu ya kusema, wakapigia picha kule Juani, kwenye magofu ya Kua. Riziki akapewa awe mjane anayefukuzwa na shemeji yake. Mwongozaji akamwambia wazi: uso anao, ila sauti haimfikii hata aliyesimama mbele yake, na akishindwa atatafutwa mwingine. Mtoto akarudi nyumbani kanywea.

Ijumaa iliyopita, baada ya sala, wakaionyesha kwenye banda la video Kilindoni. Nimekaa mbele na kanga mpya. Mjane akasimama mlangoni, akafumbua mdomo: "Nyumba hii sitoki. Nitatolewa nimelala."

Dada, mdomo wa Riziki, sauti si yake. Nzito, ya mwanamke aliyezoea kugombana, na nyuma yake kitu kinakwaruza. Watu wanapiga makofi, mimi namtafuta mwenye sauti. Nikamkumbuka mpambaji wao, Zuhura, sauti kama ya dume, siku zote zile habanduki ubavuni kwa mwongozaji. Nikasema, ndiye huyo. Wamechukua uso wa mwanangu wakaubandika ulimi wa Zuhura, na kesho kazi atapewa Zuhura.

Nyumbani nikamkalisha Riziki jikoni. Nikamwambia napanda boti, nakwenda Dar kumuuliza huyo Zuhura nani kamtuma asemee watoto wa wenziwe kwa sauti mbovu vile. Akacheka mpaka machozi.

"Mama, usiitukane. Hicho kinachokwaruza ni mbuzi yako."

Nikaitazama mbuzi yangu ya kukunia nazi, ile yenye mguu mbovu. Ndipo nikakumbuka. Siku ile aliyorudi kanywea, nakuna nazi, aliniuliza mjane angesemaje. Nikasema. Akaomba tena, nikasema kwa hasira, nikimfikiria baba mdogo alipoitaka nyumba ya mama. Kumbe simu iko chini ya ungo. Akampelekea mwongozaji sauti yangu, naye akaiingiza kwenye filamu.

Dada, kweli nasikika hivyo? Nijibu, usinifiche.

Sasa mwongozaji kamwita tena kwa filamu nyingine, ila safari hii anataka aseme palepale, mbele ya watu. Riziki akaniomba nimrekodie. Nikakataa. Nikajiuliza, mimi sauti hii niliipata wapi? Baharini, kwenye shamba la mwani. Maji yametoka, kila mtu yuko kwenye kamba zake, upepo unakupiga. Usipopaza, mwenzako hajui hata kama umechomwa na mwiba. Riziki sikumshusha huko hata siku moja. Nilitaka viganja vyake vibaki laini, nijivunie.

Basi nimemshusha. Siku tatu anasimama mwisho wa kamba, anaita, nami naona mdomo tu, kama kwenye vichekesho vyake. Leo nimeinama nafunga mwani, nikasikia mtu ananifokea: "Mama, maji yanajaa, toka huko!" Nikageuka kumtafuta mwanamke gani huyo mjeuri.

Alikuwa Riziki, peke yake.

Nisalimie shemeji, mumeo; na shangazi Bi Tatu aliyenifunza kusuka ukili wa mikeka; na Halima wa kaka, mshonaji, mwambie gauni la Riziki alianze. Wasomee wote barua hii, ila habari za Zuhura ziruke.

Mimi mdogo wako, mama yake Riziki,
Mwanamkuu