Mkwe aliyenikuta nyuma ya ghala

Baba Nafula,

Hapo Kabuchai hamjambo? Huku Kitale baridi imeniingia mpaka magotini. Mjukuu ana masikio yako, lakini ananyonya vizuri.

Jana mume wa Nafula alitoka shambani, mwavuli kwapani, akanijia na mikono yote miwili ati anisalimie. Nikakimbilia nyuma ya ghala la mahindi. Si unajua mkwe hashikwi mkono? Lakini kijana kwao ni Nyeri, na Nafula hakumwambia. Akasimama upande wa pili, sauti imemshuka: "Mama, nimekukosea nini?"

"Hakuna kitu. Nakuheshimu, ndiyo maana nimejificha."

"Kwetu mtu akijificha, amekataa undugu."

"Kwetu akinyoosha mkono, ameutukana undugu."

Mvua ikaanza. Hakuna aliyetoka. Mwishowe akaweka mwavuli wake chini, pembeni ya ghala, akarudi nyuma akaangalia kwingine. Nikauchukua. Yeye akalowa.

Sikulala, nikidhani nimevunja ndoa ya mtoto. Leo asubuhi nikitoka kwa jirani ninakolala, mkwe akaniona langoni. Akakimbia yeye, na jembe begani. Nimefurahi mpaka machozi.

Wewe vaa sweta, na kuku uwafungie mapema.

Ni mimi wako,
Mama Nafula