Mgomo Uliokwisha Saa Saba Mchana

Jumatatu, 4 Machi
Siku ya tatu karakana ya reli imefungwa. Katibu wa wagomaji ni shemeji yangu, kaka wa mke wangu – mpole, hata kuku hawamwogopi. Nimesoma redioni habari za saa saba: bei ya pamba, mvua, mpira. Mgomo haumo. Mkuu wa kituo chetu cha redio anasema kisichotangazwa hakipo.

Jumanne, 5 Machi
Leo umetangazwa – umekwisha! Karatasi ililetwa dakika tano kabla ya saa saba: wafanyakazi wote wamerudi kazini. Nikamwambia mkuu kwamba asubuhi nimepita pale, lango lina kufuli. Akanijibu kazi yangu ni sauti, macho niyaache nyumbani. Nikasoma mara mbili, kama yanavyosomwa matangazo yote ya serikali. Sauti ilitoka safi. Naona aibu kwamba hilo ndilo nililoliwaza kwanza.

Jumatano, 6 Machi
Umekwisha kweli. Fundi mitambo wetu aliwaona wagomaji jana sokoni, chini ya kipaza sauti cha redio. Wanatazamana tu, kila mmoja akidhani wenzake wamemzunguka. Leo alfajiri wamejipanga langoni. Shemeji alibaki barabarani na wawili, akiwaapia walio langoni kwamba jana hakurudi mtu. Wakamwambia redio imesema, tena mara mbili.

Alhamisi, 7 Machi
Shemeji yuko kwetu. Jana jioni polisi walivunja mlango wake. Mke wangu kampa chai, mimi hanitazami. Shemeji hakunilaumu. Alisema tu, "Shemeji, ukisoma wewe, hata mimi naamini." Nikajifanya natafuta kofia.

Saa saba kasoro dakika kumi, studio. Karatasi ya leo ninayo: katibu wa wagomaji amewakimbia wenzake, jana amevuka mpaka. Nimemwacha sebuleni, kavaa kandambili zangu! Akishavuka mpaka huo redioni, hakuna atakayeuliza aliko. Wakimchukua leo, watakuwa wamemchukua mtu asiyekuwepo.

Mkuu amesimama nyuma ya kioo. Mke wangu huwasha redio mapema ili ipate moto; sasa hivi yeye na shemeji wameketi mbele ya redio hiyo. Juu ya karatasi wameandika kwa wino mwekundu: isomwe mara mbili. Fundi ameinua vidole vitano. Vinne.

Nimeshasafisha koo –