Siku ya Kuzungushwa Milimani

Misigiri, Agosti 1974

Kaka Alphonce, shikamoo.

Sisi wazima, ila tumechoka. Jana bwana shamba alitupakia mimi, mama na wazee kwenye Landrova, akatuzungusha milima ya Sekenke pasipo barabara, atuonyeshe kijiji kipya cha ujamaa. Mama alitapika njia nzima. Tulipofika akauliza, "Maji yako wapi?" Bwana shamba akaonyesha bondeni, mbali sana.

Tuliporudi nyumbani hakuingia ndani. Alikwenda kwenye kaburi la baba, akapiga magoti, akang'oa majani.

"Mume wangu, mimi wananihamisha," akasema. "Alphonce atakuja kukuaga."

Kaka, hukuja kumzika. Lori la kutuhamisha litafika kabla ya mvua. Njoo.

Mdogo wako,
Dina