Mboga Bila Chumvi, na Binti Niliyemutafuta Ziwani

Nchelenge, siku ya Mungu, mwezi wa kumi, 1974. Joto leo linaweza kukausha samaki bila moshi. Upepo hakuna. Ziwa limetulia kama mafuta ndani ya sahani, na mimi nimelala kidogo mchana huu, usingizi wa mutu aliyeponea.

Acha niandike pole pole, tangu mwanzo.

Kaye yangu, daftari la siri, wewe unanijua. Nimeishi Lubumbashi, nimeishi Kolwezi, nimelala Ndola juu ya kitanda cha springi. Shule niliachia darasa la tano, lakini dunia imenipa diplome. Hapa bandarini, baba mwenye mutoto mukorofi anakuja kwangu kabla ya kwenda kwa pasta. Wiki hii yote nilikuwa nawafundisha wavuvi: binti akifika umri ule, umushike karibu, umuulize kila kitu, asikufiche hata unywele. Waliitika. Muzee mumoja alinivulia kofia.

Bon. Siku ya tano jioni, juzi Ijumaa, mwalimu huyu akawekewa bukari, ugali wetu, na samaki.

Bila chumvi.

Mimi ninayeuza makayabo, samaki wa chumvi! Kila kitu changu ni chumvi, mpaka viatu, na ninakula samaki mwenye ladha ya maji ya kunawa! Bibi yangu, mama ya watoto, amekwenda Kawambwa kuuguza dada yake, kwa hiyo anayepika ni Ngoie, binti yetu mukubwa, na Ngoie anapika vizuri kuliko mama yake. (Mama yake asisome hapa.) Nilimuita. Hakuja. Alisimama nyuma ya mulango, akajibu kwa sauti ndogo kwamba chumvi aweke Jeannot, mudogo wake. Jeannot, ambaye vidole vyake vimejaa matope tangu azaliwe!

Nikawaka. Hapa naandika kweli, maana hapa hakuna wa kunipigia makofi. Nilisema maneno mingi. Kwamba shule imemupandisha kichwa. Kwamba kuna kijana. Nilimutaja hata kijana mwenyewe, yule fundi wa injini za mitumbwi mwenye suruali pana chini kama kengele. Nikauliza kila kitu, sawa na mafundisho yangu ya bandarini.

Nikasikia anaosha sufuria.

Asubuhi mukeka wake ulikuwa umekunjwa vizuri, na yeye hayupo.

Nimepita mipaka, nimepita askari, nimepita dhoruba katikati ya ziwa na muzigo unaelea. Sijawahi kuogopa namna ile. Nilikimbia mpaka bandarini na kiatu kimoja. Mvuvi akasema mutumbwi umeondoka alfajiri kwenda kisiwani Chisenga, na ndani mulikuwa na musichana aliyejifunika kitenge kichwani. Chisenga ni kambi za wavuvi, wanaume watupu, na binti yangu bado anavaa yunifomu.

Kijana wa suruali pana alikuwa pale, ameinamia injini. Nikamukamata shati.

"Ngoie iko wapi?"

"Papa, miye natengeneza tu injini! Binti yako hata jina yangu hajui!"

"Mwalimu," akasema yule muzee wa kofia, "si ulisema tumushike karibu? Wako umemushika wapi?"

Walicheka. Mimi nilikuwa karibu kulia.

Ndipo akaja Bana Chola, yaani mama Chola, jirani yetu, Mubemba mwenye mwendo wa kutokuwa na haraka na dunia. Aliniangalia, akaangalia shati mukononi mwangu.

"Mwe bantu, jamani! Bashi Ngoie, baba Ngoie, achia mutoto wa wenyewe. Binti yako iko kwangu."

"Kwako? Tangu lini?"

"Tangu jogoo kuwika. Kuja hapa pembeni."

Akaniambia kwa sauti ya chini. Ngoie amekuwa mwanamuke. Jambo lilimufikia akiwa jikoni, samaki bado yako juu ya moto. Na kwa watu wa mama yake, mwanamuke wa siku zile za mwezi hatii chumvi katika chakula cha wengine, wanasema kitawapa kikohozi kibaya cha kifua. Mutoto mudogo ndiye anayeweka. Na binti wa mara ya kwanza hamuambii baba yake. Hata kidogo. Anajificha, anatafuta mwanamuke mukubwa. Mama yake hayuko, basi akasubiri giza liondoke, akaruka ua.

Nikakaa chini, palepale muchangani.

Alikuwa analinda kifua changu, na mimi nilitumia kifua kilekile kumupigia kelele.

Lakini furaha! Hayuko Chisenga! Nilimunyooshea kijana shati lake, kifungo kimoja kimepotea, nikamuomba radhi mbele ya watu wote. Musichana wa kitenge alikuwa wa mutu mwingine, Mungu amulinde na yeye.

Nyumbani nilikamata jogoo mukubwa, nikampa Bana Chola, pamoja na sukari na kitenge kipya. Kumuona Ngoie, hapana, mpaka wamama wamalize kumufundisha. Nikasimama nje ya ua wa matete, mimi mukubwa wa maneno, nikasema: "Ngoie, papa yako alikosea." Bana Chola akaanza kusimulia mule ndani habari ya kiatu kimoja na shati la fundi, na anajua kuongeza huyo mama. Kisha nikasikia binti yangu anacheka. Alicheka mpaka akakohoa.

Nilirudi nyumbani natembea kama mutu aliyetua gunia.

Nimefikiri leo. Kumuuliza mutoto kila kitu si kumulea, hiyo ni kazi ya askari wa mupaka. Mutoto anahitaji nyumba moja ya kukimbilia ambayo si yako, na wewe baba uijue mapema, uisalimie, uipelekee samaki. Ngoie alijichagulia yake mwenyewe. Alichagua vizuri kuliko vile ningemuchagulia.

Mchana huu Jeannot ameniuliza kwa nini dada halali hapa, na kwa nini chumvi imekuwa kazi yake. Zamani ningemuambia aulize mama yake. Lakini huyu naye atakua, na kwa mutoto mwanaume hakuna Bana Chola nyuma ya ua. Ni mimi. Nikamuambia akae. Nikafungua kinywa hiki kinachojulikana mpaka Kilwa, ng'ambo ya ziwa, na hakikutoka kitu. Tukabaki tunaangalia kuku.

Kesho nitajaribu tena asubuhi, kabla sijaenda bandarini.