Siku Uliyomgeuza Askari wa Kwenye Gemu

Kaka yangu Mwenda,

Simu zangu hupokei, na ujumbe ninaokutumia unabaki bila kufunguliwa. Kwa hiyo nimeandika barua hii mahali ambapo wengine pia wataisoma. Najua hungependa. Lakini pale sokoni Nkubu watu wanasimulia habari yako huku wakicheka, na wanaisimulia vibaya. Afadhali waisome kutoka kwangu, maana mimi ndiye niliyeisikia yote.

Mama anasema nisikusumbue. Anasema kidonda cha kichwa hupona polepole. Nakubali, lakini kesi haisubiri kidonda. Inasikizwa tena Jumanne, na shahidi aliyebaki ni wewe. Mara iliyopita karani aliita jina lako, sote tukageuka kutazama mlango, hata Baba Mdogo pale kizimbani akageuka. Ulipokosa kuonekana, alitabasamu. Hakimu akasema hataahirisha tena. Usipokuja Jumanne, yule mtu atarudi nyumbani, na nyumbani kwake ni kushuka tu kilima kutoka kwetu.

Unakumbuka tulivyoanza? Baba alikuwa amezikwa, Mama akahamishwa kwenda kufanya kazi katika zahanati ya Kiritiri, nami nikahama naye kwa sababu ya shule. Wewe ulikuwa umemaliza kidato cha nne. Ukabaki peke yako katika ile nyumba ya Nkubu, ukiwachapia watu barua zao kwenye kompyuta aliyokuachia Baba. Mama alikuomba uje huku kwetu. Ulimjibu, "Nikitoka leo, yeye atalala kwa hii nyumba leo." Ulimaanisha Baba Mdogo, aliyeanza kusema shamba lote la kahawa ni lake hata kabla maua ya kaburi hayajanyauka.

Kazi ikiisha ulicheza ile gemu ya vita, ukiongea na rafiki yako Abdi, ambaye babake ana duka Maua. Ukaniingiza na mimi kwenye maongezi yenu kwa simu kuukuu ya Mama. Mwanzoni nilisikia nyinyi wawili tu mkipiga kelele. "Nimeua! Nimeua mwingine! Ooh, nimepigwa!" Nikakuuliza adui amekupiga kutoka wapi. Ukasema, "Ngoja nikuwekee sauti, Mwalimu." Ulikuwa ukiniita Mwalimu kwa sababu ya Kiswahili changu cha shule.

Siku ya kwanza ilikuwa fujo tupu. Kompyuta ilitutumia milio ya gemu, spika zako zikatoa sauti zetu, maiki ikazirudisha tena. Abdi akalia, "Zima hiyo spika, manze! Najisikia mara mbili kama mhubiri wa soko!" Ndipo ukavaa zile hedifoni kubwa zinazofunika masikio yote, na vita vikaingia kichwani mwangu vikiwa safi kabisa. Picha ingemaliza bando la Mama. Sauti haikula sana. Nikawa nasikiliza vita nisivyoviona, nikiwa kwenye kibaraza cha Kiritiri, mbuzi wa jirani wakitafuna uzio.

Mimi, msichana wa kwaya, nilijifunza mlio wa risasi inayopiga mfupa na wa ile inayopiga ukuta. Nilijua kisu kikiingia shingoni kinasikika vipi. Nilijua mtu wa gemu akivuja damu hupumua kwa kukwama, na nikaweza kukwambia, "Huyo uliyempiga bado hajafa, mmalizie." Wewe ulikuwa na macho yaliyojaa moshi na moto. Mimi sikuwa na kitu cha kuona, kwa hiyo nilisikia zaidi. Hatua za adui wa kushoto zilikuja katika sikio langu la kushoto. Wa kulia vivyo hivyo. Nilikwambia "nyuma", na mikono yako ikageuza askari kabla hujafikiria. Lakini sauti yako, na kuku wetu, na mvua juu ya mabati yetu, vyote vilivyopita kwenye maiki, havikuwa na upande. Vilikaa katikati ya kichwa changu.

Abdi alikuwa na wivu. "Huyo dadako anasikia nini? Yuko Kiritiri na mbuzi."

"Mbuzi wa huku wana adabu kukushinda," nilimjibu, nawe ukacheka mpaka ukauawa.

Tulikuwa tukicheza vita huku vita vya kweli vikikukaribia. Baba Mdogo alikuja na shoka akakata mikahawa ya Baba kando ya njia, miti iliyokuwa imebeba buni tayari. Ulimwuliza kwa nini, akakupiga kwa mpini mbele ya watoto waliotoka shule. Wiki iliyofuata ulimkuta Popi langoni, mbwa wetu, shingo yake imekatwa ikabaki kushikwa na ngozi. Ulimzika peke yako. Ulituambia mimi na Abdi kwa sauti ya kawaida kabisa, kisha ukasema, "Haya, tuanze." Siku hiyo ulipiga risasi maiti za gemu ambazo zilikuwa zimeshaanguka. Nilikusikia ukirudia, ukirudia.

Kisha Jumamosi ile. Tulikuwa tumekula chakula cha mchana, nami nilikuwa nachambua ndengu kwenye ungo, hedifoni ndogo za simu masikioni. Ulikuwa umejificha chini ya ngazi katika lile jumba la gemu. Bunduki zililia kulia kwangu. Bomu likapasuka kushoto. Abdi alikuwa anakupigia kelele, "Toka hapo, utachomwa!"

Halafu nikasikia mlango wetu wa jikoni, ule ambao Baba aliupachika vibaya ukawa unakwaruza saruji. Ulikwaruza katikati ya kichwa changu. Zikafuata hatua za gambuti, na pumzi ya mtu aliyepanda kilima kwa haraka.

Nilipiga kelele. "Mwenda, nyuma yako! Nyuma!"

Ukageuka. Nilisikia ukigeuka, kwa sababu bunduki zilizokuwa kulia zilihamia kushoto mara moja. Ulimgeuza askari. Wewe mwenyewe ulibaki ukitazama kioo cha kompyuta.

"Hakuna mtu hapa, Mwalimu," ulisema.

Pigo la kwanza la panga lilitoa mlio wa mti, nafikiri ni mgongo wa kiti. La pili halikutoa mlio wa mti. Ulitoa sauti ambayo sijawahi kuisikia kwenye gemu yoyote, na Baba Mdogo akasema, akikata na kusema, "Nilikwambia utoke! Nilikwambia! Toka kwa shamba ya baba yangu!" Wakati huo huo gemu ikaendelea. Askari wako alisimama tu bila mtu wa kumwongoza, na maadui wakamkuta, wakampiga risasi kutoka pande zote mbili. Abdi akacheka. Alicheka kwa furaha, kaka, kama siku nyingine zote. "Leo umechinjwa kama kuku! Na hizo kelele umezitoa wapi, ziko sawa sana!"

Hedifoni zako zilianguka. Maiki ilikuwa chini ikisikiliza saruji. Nilisikia kitu kikidondoka tone kwa tone.

Nilikimbia kwa Mama. Mama akampigia Mama Karimi, jirani yetu, naye akaja na wachumaji waliokuwa shambani kwake. Wakamkuta Baba Mdogo kwenye mfereji akiosha mikono. Aliwaambia wezi wamekukata, kwamba yeye ameingia akakuta umeanguka akajaribu kukuinua. Vijana hawakumwamini. Walimpiga kwa mawe mpaka akapiga magoti, na mmoja akaanza kufyonza petroli kutoka kwa pikipiki yake. Mama Karimi ndiye aliyesimama katikati. Alisema, "Mtamchoma huyu na huku kijana anaisha damu? Nani atambeba Mwenda?" Wakakuinua wewe kwa blanketi. Ndiyo maana wewe uko hai, na yeye pia yuko hai.

Nilipokuona hospitalini, kichwa kilikuwa kimefungwa chote. Sikio la kulia halikuwepo, na mkono ulioinua kujikinga ulikuwa umepoteza vidole. Ukasema, "Nilikusikia. Nikageuza yule wa kwenye kompyuta." Mgonjwa wa kitanda cha pili alisikia, akamwambia mgeni wake, na mgeni wake akaipeleka sokoni.

Ulipotoka hospitalini, vijana wa stendi walikuona na bendeji yako. Mmoja akaita, "Nyuma yako, bro!" na wenzake wote wakazunguka kama wanasesere, wakianguka kwa kicheko. Ulienda kwa Shangazi kule Maua na tangu siku hiyo huongei na mtu. Abdi ameenda mara kadhaa kukuona, unamfungia mlango. Najua si panga linalokufungia. Unaogopa kusimama mbele ya watu wote, wakili akuulize, "Ulionywa?" na wewe ujibu ndiyo. "Na ulifanya nini ulipoonywa?"

Basi nikueleze ilivyokuwa kwangu, ili usifikirie ni wewe peke yako utakayechekwa.

Wakili wa Baba Mdogo aliniuliza kwa upole sana. "Binti, si ulikuwa unasikiliza gemu ya kuuana?"

"Ndiyo, bwana wakili."

"Na ndani ya gemu hiyo watu hukatwakatwa? Hupiga kelele?"

"Ndiyo. Kila siku."

"Sasa mahakama iamini vipi kwamba safari hii alikuwa ni mtu wa kweli?"

Nilimweleza habari ya kushoto na kulia na katikati. Nilimweleza mlango wa jikoni. Hakimu aliandika, akaniomba nirudie, akaandika tena. Wakili akawageukia watu. "Mtoto ana masikio ya popo." Watu walicheka, Mwenda. Walicheka na mimi nikiwa pale nimevaa sare ya shule. Sikufa.

Halafu Abdi akaitwa. Babake alikuja kutoka Maua, amevaa kanzu, akakaa mbele. Abdi alisema, "Mheshimiwa, mimi nilicheka. Nilimwambia amechinjwa kama kuku. Wallahi nilidhani ni gemu." Kisha akajifunika uso kwa mikono yote miwili. Hakuna aliyecheka hapo. Hata wakili alikaa bila kumwuliza swali.

Lakini sisi wawili tulisikia tu. Baba Mdogo anasema sauti si uso, na kwamba mtu yeyote anaweza kusema maneno yale. Aliyeuona uso wake ni wewe, ulipoinua mkono. Hicho tu ndicho kilichobaki.

Wanapouliza kwa nini hukugeuka, sema uligeuka. Sema ulimgeuza askari. Mimi nimefikiria jambo hili kila siku nikienda shule, na sijaona upumbavu wowote ndani yake. Mtu mpumbavu angeuliza kwanza, "Nyuma wapi?" Wewe uliniamini papo hapo. Ni mikono tu iliyotangulia shingo, kwa sababu mikono ndiyo tuliyoifundisha. Ukilisema jambo hili kwa kinywa chako mwenyewe mbele ya hakimu, wale wa stendi watabaki na nini cha kuigiza?

Sitaki kukudanganya kwamba mimi ni mpole siku hizi. Nikichanja kuni, akilini ninauweka mkono wa Baba Mdogo chini ya shoka, na shoka linashuka vizuri sana. Nauona mfereji ule, namwona akiosha mikono, na mimi ndiye niliyeshika petroli, na Mama Karimi hayupo. Mambo haya hunijia hata wakati wa hesabu. Nimemwambia Mama, akasema ni kawaida, kisha akaenda chumbani akalia. Sipendi kuwa mtu wa namna hiyo. Ninataka sheria ifanye kazi hiyo badala yangu, nami nirudie hesabu zangu, kwa sababu nimeanza kushindwa na ninataka kufaulu. Ninataka siku moja nipite kwenye ile mikahawa iliyokatwa nikute imechipuka. Mama Karimi ameniambia visiki vimeanza kutoa majani.

Jana jioni Shangazi alimpigia Mama. Alisema uliomba pasi ya makaa. Akataka kukusaidia, ukakataa, ukapiga shati lako jeupe pasi mwenyewe kwa mkono ule mmoja, ukalishikilia kwa kiwiko cha mwingine, kola ikachukua muda mrefu. Kisha ukalitundika kwenye msumari nyuma ya mlango. Mama aliuliza shati hilo ni la siku gani. Shangazi alisema hakuthubutu kukuuliza.

Mimi pia siulizi. Jumanne nitaweka mkoba wangu wa shule juu ya benchi, hapo kando yangu, na mtu akitaka kukaa nitamwambia pana mwenyewe.

Ni mimi,
dada yako mdogo.