Matuta ya Wifi Yangu

Jumamosi, mwisho wa Februari. Mtaa wetu wa Katandala umeamka na mvua ile nyembamba isiyo na haraka, na baridi haikuondoka mpaka saa tano. Nimefua sare za wanangu, nimezianika ndani, zimegoma kukauka. Nimesahihisha madaftari mawili nikayaacha. Sina raha, na sababu yake ninaijua, kwa hiyo nisijifanye nimekuja hapa kuandika habari za mvua.

Mtoto wa kaka yangu amelazwa hospitali, leo siku ya tisa. Anaitwa Oliva, ana miaka miwili na mwezi mmoja. Aliletwa miguu imevimba, uso umejaa hadi ukadhani amenona, nywele zimekuwa nyepesi na nyekundu. Ukimbonyeza mguu, kidole kinaacha shimo. Daktari alisema ni kwashakoo.

Mimi ndiye niliyemfikisha pale.

Sikumpiga, sikumnyima. Niliongea tu.

Kaka yangu Osward analima kijijini kwetu Kaengesa, kwenye mashamba aliyotuachia baba. Mkewe, wifi yangu Felista, alikuwa na kipande chake kule chini karibu na kijito. Kila mwaka mvua zikikaribia kwisha, nyasi zikiwa bado mbichi, alizikata kwa jembe pamoja na udongo wake, akazifunika, akatengeneza matuta ya mviringo ambayo kwetu tunayaita ntumba. Nyasi zinaozea ndani. Juu alipanda maharage, pembeni maboga. Msimu unaofuata aliyatawanya akapanda ulezi. Mama yangu alifanya hivyohivyo, na bibi pia. Hakuna aliyewahi kutamka kwamba maharage yale ni mali ya Felista, ila kila mtu alijua. Mahindi ni ya baba mwenye nyumba, ndiyo yanayouzwa, yanalipa ada na mbolea. Maharage yalikuwa ya chungu, na hakuomba ruhusa ya mtu kuyachota.

Pasaka ya mwaka juzi nilikwenda kuwasalimia. Nimevaa viatu vyangu vya mjini, nimeshiba, nina hamu ya kusema. Tukashuka wote mpaka kwenye kile kipande, nikayatazama matuta ya Felista, nikamwambia kaka, mbele ya ndugu wote, "Haya makaburi ya nyasi mpaka lini? Wenzenu wanapanda mahindi ya kisasa, kwa mstari."

Watu walicheka sana. Felista naye alicheka, Oliva akiwa mgongoni mwake, kichanga cha miezi mitatu. Nakumbuka alicheka akiwa ameinamisha kichwa.

Nyumbani kwetu nikisema jambo, linachukuliwa kuwa nimelisoma mahali. Mimi ndiye mwalimu wa ukoo. Hakuna aliyeniuliza nafundisha nini. Nafundisha Kiingereza na Uraia, darasa la sita.

Msimu ule kaka aliingiza ng'ombe wa kulimia, matuta yakasawazishwa, mahindi yakapandwa hadi ukingoni mwa kijito. Nisiseme uongo, yalikubali. Nyumba ikapata bati jipya. Nililipiga picha nikaiweka hapahapa kwenye blogu, na nyie wachache mnaonisoma mkaandika hongera. Nikapokea na magunia yangu mawili ya mahindi, kama kila mwaka. Unga wake uko jikoni kwangu sasa hivi.

Hakuna aliyeuliza ugali huo utaliwa na nini. Hata mimi.

Felista akaanza kuomba hela ya mboga kwa mume wake. Kaka si mtu mbaya, ila alikuwa na mbolea ya kulipia na watoto wawili wa bweni, na mahindi yenyewe aliyauza mapema, wakati kila mtu anauza na wanunuzi wanajipangia bei. Siku nyingine alimpa, siku nyingine alimwambia asubiri. Mayai ya kuku watatu walionao yakawa yanakwenda gulioni kutafuta sabuni na chumvi. Oliva alipoachishwa ziwa, akaachishwa kwenye uji mweupe wa mahindi, asubuhi na mchana, na jioni ugali na majani yaliyochemshwa kwa chumvi. Tumbo lilijaa kila siku. Hakulala na njaa hata siku moja, na ndiyo maana hakuna aliyeshtuka.

Lakini hilo silo linalonikaba zaidi.

Siku ya kwanza wodini, nesi alimuuliza Felista mtoto anakula nini. Felista akamjibu ukweli. Nesi akakasirika, na naamini alikasirika kwa uchungu, maana amewaona wengi. "Mama, nyie mna mahindi mpaka mnauza nje ya mkoa, mtoto unamlisha uji mtupu? Huo ni uvivu." Felista akatazama sakafu. Halafu nesi akanigeukia mimi, mwenye mkoba na miwani. "Mwalimu, wafundisheni ndugu zenu."

Nikatikisa kichwa kukubali.

Nilisema, "Kweli kabisa, sista." Nilisema hivyo wifi yangu akisikia.

Leo asubuhi nimewapelekea ndizi na blanketi. Uvimbe wa Oliva umepungua, na sasa ndipo unaona alivyo kweli, mbavu na magoti tu. Maziwa wanayompa anayanywa. Hacheki, hataki nimbebe, anageukia ukutani. Manesi wanasema anaendelea vizuri, lakini akirudi nyumbani kwenye chakula kilekile, atarudi hapa, na safari hiyo huenda asipone.

Tulikaa kwenye benchi la nje, Felista akimfuta mdomo kwa kanga. Akaniambia, kwa sauti ya mtu anayetoa habari za kawaida, kwamba Alhamisi padri alipita kuwaona wagonjwa, na kwa kuwa ni Kwaresima aliwapa nafasi ya kuungama.

"Na mimi nimeungama, wifi. Nimemwambia Padri nimemtesa mtoto wangu kwa uvivu. Kanipa rozari tatu, imebaki moja."

Mwanamke anayeamka kabla ya jogoo, aliyegeuza udongo kwa mikono yake tangu anaolewa, amepiga magoti kutubu dhambi yangu. Na ameamini kabisa kuwa ni yake.

Nikamwambia. Nilimwambia vibaya, kwa kigugumizi, kuanzia Pasaka ile mpaka neno nililomjibu nesi. Nilitegemea atalia au atanitukana, na ningependa anitukane. Aliendelea kumfuta mtoto mdomo, mdomo ambao ulikuwa umekauka zamani.

"Mimi usiniambie," alisema mwishowe. "Kamwambie kaka yako. Mimi nikisema ataona nataka kurudia ushamba. Jumatatu ng'ombe wanaingia pale chini."

Kile kipande msimu huu kimepumzika, kaka alikosa mbolea ya kukitosha. Nyasi zimefika kiunoni, mbichi, ndizo hasa zinazotakiwa. Kaka anataka kukilima sasa, udongo ukiwa laini, kiwe tayari kwa mahindi ya mwakani. Ng'ombe wakishapita, mwaka huu hakuna matuta, na hakuna maharage. Felista anajua. Hilo ndilo lililokuwa kichwani mwake siku zote tisa, na mimi nilidhani anawaza bili ya hospitali.

Saa nane mchana nimempigia kaka. Nimezunguka sana kabla ya kufika. Nimemwambia mtoto anahitaji maharage, na mama yake anahitaji kile kipande chake, na matuta yake.

Kaka akauliza, "Nani kakutuma?"

"Hakuna."

"Mwalimu, nikuulize. Siku ile ulikuwa unajua, au ulikuwa unasema tu?"

Ningeweza kujitetea. Ningeweza kusema ndivyo wataalamu wanavyoshauri, kwamba mahindi yalikubali kweli, kwamba yeye ndiye aliyeyauza mapema. Maneno yote yalikuja, yako mepesi mdomoni kama kawaida yangu.

"Nilikuwa nasema tu, kaka."

Hakukasirika. Alisema "haya," kisha simu ikakatika, au aliikata. Habari ya ng'ombe wa Jumatatu hakuitaja, na sikuthubutu kupiga tena.

Kesho nikitoka misa ya kwanza nakwenda Kaengesa. Jumapili si siku ya kushika jembe, najua, na watu watauliza. Wakiuliza nitawaambia. Nitashuka kule chini nianze kugeuza zile nyasi mwenyewe, kaka anione nikikosea, mpaka achoke kunitazama.

Jembe itabidi niazime. Mtoto wa mkulima, na ndani ya nyumba yangu sina jembe.