Waliponiuliza Kazi Yako, Baba

Likasi, Kikula

Baba yangu mpendwa,

Nakusalimu kwa heshima, wewe na Mama. Kifua chako kinaendeleaje? Mvua zimeanza, na najua baridi ya huko ziwani haikuachi alfajiri ukiwa majini. Mimi mwili ni mzima, nakula, nafanya kazi. Moyo ndio hauko sawa. Barua hii anakuletea shangazi Odile akija kununua samaki. Hajui kilichomo. Ningepiga simu, lakini najua ningekuuliza habari za nyavu, kisha nikate.

Kila mara ulikuwa ukiniuliza lini mtakuja kuwasalimu bakwe, wazazi wa mchumba wangu, nami nikijibu ngojeni kidogo. Mama aliniambia ulishatoa koti lako ulipige pasi. Baba, lirudishe sandukuni. Msingoje tena.

Clarisse ni binti wa mwenye duka la dawa hapa mjini. Tulijuana nilipokwenda kuchomelea lango la nyumba yao. Mfanyakazi wa ndani alikuwepo, lakini maji ya kunywa aliniletea mwenyewe, siku ya kwanza, ya pili, hata kazi ilipokwisha nikawa natafuta sababu ya kurudi. Tulipendana miaka miwili, na tulipendana kweli.

Kisha akaja injinia mmoja wa mgodini, rafiki wa kaka yake. Anaingia na jeep, anaongea Kifaransa cha mbio, na Clarisse anacheka. Mimi Kifaransa changu unakijua, kinafika sokoni tu. Nilikuwa nahesabu vicheko vyake kwa yule mtu, na kila kimoja kilinichoma. Nilipomuuliza alinitania.

«Weye uko na wivu ya bure. Ule ni rafiki ya yaya yangu.»

Siku moja injinia alinikuta langoni namngoja Clarisse. Akaniuliza, kwa upole kabisa: «Chef, hii portail utaipaka rangi lini?» Clarisse alikuwa kando yangu. Alinyamaza. Tusi ningelivumilia, Baba, lakini upole ule na kunyamaza kule vilinishinda.

Jumapili iliyofuata nilialikwa kula kwao kwa mara ya kwanza. Injinia naye alikuwepo, anasimulia jinsi baba yake alivyokuwa mkurugenzi. Mama yake Clarisse akanigeukia.

«Na weye, baba yako anatumikaka kazi gani?»

Nilikuona, Baba. Nilikuona umechutama kwenye mtumbwi na ile suruali uliyoikata magotini. Nikajibu: «Baba yangu alikufa.»

Marehemu haulizwi kazi. Mama yule akaniwekea mkono begani. Injinia akavua kofia. Kwa mara ya kwanza nyumba ile ilinitazama kama mtu, na nisikufiche, nilisikia utamu.

Basi walipotaka kuwaona wazee wangu, ningemleta nani? Baba mdogo asingekubali hata kidogo kukuzika ungali hai. Nikamwomba Papa Floribert wa hapa Kikula, mzee mwenye suti na maneno mazuri, ajifanye kaka yako mkubwa. Alianza vizuri. Alikuombolezea mpaka mimi mwenyewe nikainamisha kichwa. Ndipo shangazi yake Clarisse alipoweka soda yake chini.

«Mungojeni. Huyu papa minye namujua. Mwaka ya kupita alikuya kwa ndoa ya mutoto ya dada yangu. Alikuwa baba mukubwa ya bwana ingine!»

Papa Floribert alikohoa, akasema yeye aliitwa tu, akatoka na soda yake mkononi. Hakuna aliyecheka. Clarisse akaja mbele yangu.

«Baba yako alikufa kweli?»

«Hapana. Eko.»

«Eko wapi?»

«Ku Tshangalele. Anavuaka samaki.»

«Minye nililia juu ya baba yako, na weye ulikuwa unaniangalia tu. Kama baba yako ulimuua juu ya haya ya kazi yake, minye siku moja utaniua juu ya nini?»

Baba yake hakupaza sauti. Aliniambia niende nyumbani.

Nimemngoja mbele ya duka la dawa mara nyingi. Mara ya mwisho alisimama, akasema: «Haiko minye wa kuomba pardon. Omba baba yako. Na hata akikusamehe, minye sitakurudia.» Nilimtazama usoni, si hasira iliyosema vile. Amemaliza. Nasikia injinia ana mchumba wake Lubumbashi tangu zamani. Nimeungua miaka yote hii kwa ajili ya mtu asiyejua hata jina langu.

Msalimie Mama, na umwambie wewe mwenyewe, mimi siwezi. Msalimie kaka anayevua nawe, na mkewe, na bibi anayeniombea kila asubuhi. Asiache, ingawa sioni tena cha kuombewa.

Kabla sijatia jina langu, kuna jambo nililoliruka hapo juu. Baada ya chakula kile, mama yake Clarisse alitaka uombewe kanisani kwao. Nikaandika jina lako kwenye karatasi kwa mkono huu huu. Wakalisoma kati ya majina ya wafu. Clarisse, ambaye mbele ya watu hakuwahi kunishika hata kidole, akanishika mkono mbele ya kanisa zima, analia. Kila mtu alituona. Nikasema Amina kwa sauti, Baba, na nilikuwa na furaha.

Mwanao, kama bado unaniita hivyo,

Kalenga